Mia Martini hakuwa na gundu

Jumamosi iliyopita nilikuwa kwenye baa ya jirani hapa Gallarate, kaskazini mwa Italia, nasubiri basi la zamu ya jioni, kahawa iko mezani. Redio ikaanza kupiga "Almeno tu nell'universo" wa Mia Martini, mwimbaji wa Italia. Wimbo huo nikiusikia naacha kila kitu. Mzee aliyekaa meza ya pili, mtu mpole anayenisalimia kila siku, akaingiza mkono mfukoni, akatoa funguo zake, akazishika kwa nguvu. Kisha akamwomba mwenye baa abadilishe stesheni. Mwenye baa akabadilisha, wala hakuuliza kwa nini.

Waliokaa Italia wananielewa. Huku mkosi ukipita karibu yako unagusa chuma, au unanyoosha kidole cha shahada na cha mwisho kama pembe na kuvielekeza chini. Yule mzee alikuwa anajikinga na sauti ya mwanamke aliyekufa Mei 1995, ambaye watu walimsingizia kwamba ana gundu.

Usiku nikamsimulia shoga yangu wa Dar kwenye simu, nikitegemea atashangaa nami. Akanijibu, "Mwenzangu, lisemwalo lipo." Nikakata simu. Nimeshindwa kulala vizuri tangu siku hiyo, na leo naandika yote niliyo nayo moyoni.

Mia Martini si jina alilopewa na wazazi. Alizaliwa Domenica Bertè tarehe 20 Septemba 1947 huko Bagnara Calabra, kwenye ncha ya buti la Italia, na nyumbani walimwita Mimì. Mdogo wake Loredana alizaliwa tarehe hiyohiyo miaka mitatu baadaye, naye akaja kuwa nyota kwa njia yake. Baba alikuwa mwalimu, na nyumba ile haikuwa na amani. Loredana ameyasema hayo hadharani zaidi ya mara moja. Mimì alianza kurekodi akiwa binti mdogo katika miaka ya 1960, nyimbo nyepesi za vijana ambazo hazikumfikisha popote. Mwaka 1969 akakamatwa Sardinia kwa ajili ya bangi, akakaa gerezani miezi kadhaa, baadaye mahakama ikamwachia huru. Aliyemfufua ni Alberigo Crocetta, mwasisi wa klabu ya Piper ya Roma. Ndiye aliyemtafutia jina jipya: Mia kwa kumfuata mwigizaji Mia Farrow, Martini kwa sababu neno hilo la Kiitalia linajulikana dunia nzima.

Mwaka 1971 ukatoka "Padre davvero", wimbo wa binti anayemsemesha baba yake bila kumwogopa, na redio ya taifa ikaufungia. Mwaka uliofuata "Piccolo uomo" ikashinda Festivalbar, shindano la nyimbo. Mwaka 1973 "Minuetto", yenye maneno ya Franco Califano, ikashinda tena. Mara mbili mfululizo, na wapiga kura walikuwa watu wa kawaida wanaotia sarafu kwenye mashine za muziki za mabaa. Mwimbaji wa Ufaransa Charles Aznavour akamchukua wakapanda pamoja jukwaa la ukumbi wa Olympia, Paris. Mwaka 1977 Italia ikamtuma Eurovision, shindano la nyimbo la nchi za Ulaya. Hapo hata miaka thelathini hajatimiza.

Na wakati wote huo, nyuma ya pazia, maneno yalikuwa yameshaanza kutembea.

Mwenyewe aliyaeleza mwaka 1989. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 promota mmoja alitaka kumfunga kwa mkataba wa maisha. Akakataa. Siku chache baadaye, wakirudi kutoka tamasha huko Sicilia, gari la bendi yake likapata ajali na vijana wawili wakafa. Promota yule akaikamata ajali ile kwa mikono miwili: huyu mwanamke ana gundu, anaua anaosafiri nao. Alisema pia kwamba mtu mmoja wa biashara hiyo aliwahi kumsihi asishiriki tamasha fulani, kwa kuwa akiwepo yeye hakuna kampuni ya rekodi itakayopeleka wasanii wake.

Rudini kwenye sentensi ile mara ya pili. Mwanamke mwenye tuzo na sauti ambayo hakuna aliyeibishia, anasihiwa akae nyumbani ili wenzake wapate kuja kuimba.

Shoga yangu anasema lisemwalo lipo. Sawa, na tulitazame hilo lililokuwepo. Kulikuwa na mkataba uliokataliwa. Kulikuwa na mfanyabiashara aliyeumia. Kulikuwa na barabara, gari la bendi, na vijana wawili ambao mama zao walilia. Gundu liko wapi hapo? Halipo. Lililopo ni mtu mwenye sababu ya kusema, na watu wengi wenye sababu ya kuamini, kwa maana kila nafasi aliyoondolewa Mia Martini ilikuwa mkate wa mtu mwingine. Usiku wa Sanremo, tamasha kubwa la nyimbo la Italia, una idadi yake ya waimbaji. Saa moja ya televisheni Jumamosi haigawanyiki kwa watu mia. Ukimwambia mwenye saa hiyo kwamba fulani ana mkosi, huhitaji kuthibitisha kwamba anaimba vibaya au anachelewa kazini. Huhitaji kuthibitisha chochote.

Hapo ndipo hasira yangu ilipo, na naomba mnivumilie. Mtu akikuita mwizi, unaweza kusema leta ushahidi. Akikuita mlevi, unaweza kufika kazini una akili timamu siku mia moja na uongo ukafa wenyewe. Akikuita mwenye gundu, utafanya nini? Ukinyamaza, umekubali. Ukilalamika, unatisha zaidi. Ukikaa karibu na watu, kila taa itakayoungua na kila mvua itakayoharibu onyesho ni yako. Ukikaa mbali, wanasema unajua mwenyewe kwa nini umejitenga. Hakuna mahakama inayosikiliza kesi ya mkosi, na hakuna anayesaini barua ya kukufukuza. Simu inaacha kulia tu. Na ukiuliza, wote wanakwambia wao binafsi hawaamini mambo hayo, ila wenzao wana wasiwasi.

Msiniambie ilikuwa ushirikina wa watu wa kusini wasiosoma. Nimesikia hilo hapa kaskazini na linanichefua. Waliofunga milango walikuwa watu wa Milano na Roma, wakurugenzi wa kampuni za rekodi, watayarishaji wa televisheni, waandishi wa magazeti. Wasomi. Alipoacha kurekodi mwaka 1983 akahamia mashambani Umbria, na kwa miaka ile alipata riziki kwa kuimba kwenye sherehe za vijiji, viwanjani, mbele ya watu waliotoka mashambani na watoto wao begani. Wanakijiji walimpa jukwaa. Hawakumkimbia. Mwaka 1985 alijaribu kurudi Sanremo na wimbo wa Paolo Conte, "Spaccami il cuore", wakamkatalia.

Tena iangalieni Napoli, mji ambao huku ukitaja kijicho na pembe nyekundu za kinga kila mtu anaufikiria wenyewe. Mwaka 1992 Roberto Murolo, mzee wa nyimbo za Napoli, akiwa na miaka 80, alisimama na Mia Martini wakaimba "Cu' mme", wimbo wa Enzo Gragnaniello. Mzee wa umri ule, mwana wa mji ule, kama kuna mtu aliyekuwa na ruhusa ya kuogopa ni yeye. Isikilizeni sauti yake inavyomkaribia bila haraka, halafu ya Mia inaingia chini kabisa, kifuani. Mimi nikiusikiliza wimbo huo nashukuru kwamba kabla hajafa alipata mtu mmoja mkubwa aliyemheshimu mbele ya kila mtu.

Nakubali, kwa shingo upande, kwamba si kila jeraha lake lilitoka kwenye maneno yale. Mapenzi yake na mwanamuziki Ivano Fossati yalimtesa. Alifanyiwa upasuaji wa nyuzi za sauti, na sauti iliporudi ilikuwa na mkwaruzo na imepungua juu. Na dawa za kulevya zilikuwepo. Lakini nyimbo kubwa za mwisho zote ziliimbwa na sauti hiyo iliyokwaruzika. Kilichomnyamazisha miaka ile hakikuwa koo.

Nakubali pia kwamba mwaka 1989 Sanremo walimfungulia mlango. "Almeno tu nell'universo" ilikuwa imeandikwa na Bruno Lauzi na Maurizio Fabrizio tangu mwaka 1972, ikamngoja miaka 17. Tafuteni video ya usiku ule. Anatoka, anasimama, mikono haijui ikae wapi. Macho yake yanaitazama hadhira kama mtu aliyerudi nyumbani bila uhakika kama atafunguliwa. Kisha anaimba, na sidhani kama kuna aliyebaki ukumbini akikumbuka kugusa chuma. Walimpa nafasi ya tisa. Tuzo ya wakosoaji ilikuwa yake, na mwaka uliofuata akaichukua tena kwa "La nevicata del '56". Mwaka 1992 "Gli uomini non cambiano" ikawa ya pili, kisha Eurovision huko Malmö akawa wa nne.

Sasa sikilizeni habari ya tuzo hiyo, maana ndiyo inayoniuma kuliko yote. Tuzo ya wakosoaji ya Sanremo haikuwepo kabla yake. Ilianzishwa mwaka 1982, na wa kwanza kuipata alikuwa yeye, kwa "E non finisce mica il cielo" ya Fossati. Yaani waandishi walisikia kitu kikubwa kiasi kwamba ikabidi watengeneze tuzo. Mwaka mmoja baadaye alikuwa ameacha kazi, kwa kuwa tuzo haikuweza kuzima mnong'ono. Alipofariki, kuanzia mwaka 1996, tuzo ikapewa jina lake. Kila Februari watangazaji wanalitaja jina lilelile ambalo zamani watu walikwepa kulitamka, na wanalitaja kwa heshima kubwa. Najua wengi wao hawakuwepo wakati ule. Ila ninachokitaka mimi ni kwamba kabla ya kukabidhi tuzo hiyo, mtu mmoja asimame aseme kwa maneno ya wazi: tulimnyima kazi, na hatukuwa na sababu. Sijawahi kulisikia hilo likisemwa pale jukwaani.

Alikufa hapa, na hili ndilo lililonifanya nimjue. Cardano al Campo ni jirani na Gallarate, chini ya njia ya ndege za Malpensa. Basi langu linapita huko. Alikuwa amehamia kwenye nyumba ndogo ili awe karibu na baba yake, yule yule baba, ambaye walikuwa wamepatana. Tarehe 14 Mei 1995 wakavunja mlango wakamkuta kitandani, hedifoni ziko masikioni. Alikuwa amekufa tangu siku mbili nyuma. Alikuwa na miaka 47. Madaktari walisema moyo ulisimama kwa kokeini. Loredana hajawahi kuridhika na maelezo hayo. Mimi nabaki na zile siku mbili. Mwanamke aliyejulikana nchi nzima, na siku mbili zikapita.

Mwaka wa kwanza nilipofika huku sikuwa na rafiki, na lugha ilikuwa inaniponyoka. Mama niliyekuwa namhudumia, mjane mzee, alikuwa akipiga kaseti zake jikoni na kunifundisha neno moja moja. Universo, ulimwengu. Almeno, angalau. Alinionyesha kwa kidole dirishani upande wa Cardano, akaniambia yule alifia pale, na sisi wote tulisikia yale maneno na hatukusema kitu. Alilia. Marehemu yule mama ndiye Mwitaliano pekee niliyemsikia akijihesabu miongoni mwa waliokosa.

Mwaka 2024 Loredana Bertè alipanda jukwaa la Sanremo na "Pazza", nywele zake za buluu, miaka 73. Akashinda Tuzo ya Wakosoaji "Mia Martini". Nilikuwa macho usiku ule, niko peke yangu sebuleni, zamu inanisubiri alfajiri. Ilikuwa mara ya kwanza kwake kuipata. Nilimwona mdogo mtu akipokea kitu chenye jina la dada yake.

Jumamosi ijayo nitarudi kwenye ile baa. Nitamsalimia mzee, kwa maana ni mkubwa kwangu na hajanikosea adabu. Kisha nitamwomba mwenye baa arudishe ile stesheni, na wimbo ukija nitamwomba mzee anisikilizie hadi mwisho, mikono ikiwa juu ya meza.