Nilivyogundua ufa wa wakati kwenye stoo

Jamani nichekeni tu, mi mwenyewe nishajicheka vya kutosha. Yote yalianza niliposoma habari za Hafele na Keating, wale jamaa ambao mwaka 1971 walipanda ndege za abiria na saa za atomu wakazunguka nazo dunia, kwenda mashariki saa zikachelewa nanosekunde 59 (nanosekunde ni sekunde moja ukiigawa mara bilioni), kwenda magharibi zikawahi nanosekunde 273. Nikajiuliza, kama wakati unavutika hivyo kwenye siti ya ndege, nyumbani kwetu unashindwaje?

Basi nikaunda chombo, nikakiita KIMAWA, yaani Kipima Mawimbi ya Wakati. Ndani hakuna maajabu, ni saa mbili za kwatzi, zile za kawaida ambazo kipande chake cha kwatzi, yaani kijiwe cha fuwele, kinatetemeka mara 32,768 kwa sekunde. Moja chumbani kwangu, nyingine stoo nyuma ya nyumba, katikati waya mrefu na kisakiti cha kulinganisha mapigo yao na kuandika tofauti kwenye laptopu. Zikienda sawa, wakati umetulia. Zikiachana, ujue kuna kitu kimeutikisa.

Sasa kwatzi ya saa haipendi joto wala baridi, ukiitoa kwenye nyuzi 25 hivi inaanza kuchelewa, na hilo nilikuwa nalijua vizuri tu, ndo maana ile ya stoo niliilaza kwenye boksi la viatu lililojaa maranda, nikapiga kufuli mlango, nikabandika karatasi MARUFUKU KUINGIA, WAKATI UNAPIMWA, na marufuku hiyo ilinihusu hata mimi mwenyewe maana joto la mwili lingeharibu utafiti. Dirisha lilikuwa limevunjika kioo kimoja. Nikasema nani atapita pale.

Wiki ya kwanza kimya. Halafu ikaanza, kila siku saa ya stoo inazubaa kidogo kwa muda wa kama nusu saa hivi kisha inarudi kawaida, leo asubuhi, kesho imesogea mbele kidogo, kesho kutwa imesogea tena, siku kumi mfululizo. Nikaandika kwenye daftari "vitetemeko vya utangulizi." Nilikuwa najivunia sana hilo neno utangulizi.

Siku ya kumi na moja ikazubaa na haikurudi.

Ikawa inachelewa karibu nusu sekunde kwa siku. We unaona kidogo? Dunia nzima hii na milima yake na bahari zake, uvutano wake unachelewesha saa kama sekunde 0.02 kwa mwaka mzima! Yaani stoo yetu ilikuwa inapiga kazi ya miaka ishirini na kitu kwa siku moja. Usiku ule nilisogeza kitanda ukuta wa mbali na stoo. Halafu kila mchana inalegea dakika kama kumi na tano, kisha inakaza tena, nikaiita "pumzi ya ufa."

Wakati huohuo Mama analalamika kuku wake mmoja haonekani, anamshuku kicheche. Nikamwambia kwa upole kabisa, "Mama, usimlaumu kicheche. Huenda kuku kaingia kwenye ufa wa wakati."

Akaniangalia kwa muda. "Umekula leo?"

Ndo akampigia mjomba, mwalimu mstaafu wa fizikia, nadhani alimwambia aje kuniangalia mimi, si chombo. Mjomba akasoma daftari lote kimya, mi nimesimama pembeni nasubiri kupongezwa.

"Mjomba," akaniita, "hii pumzi inakuja kila siku?"

"Kila siku, mjomba. Mchana."

"Na imeanza lini hii kubwa?"

"Leo siku ya ishirini na moja."

Akafunga daftari, akamgeukia Mama. "Dada, kuku wako alipotea lini?"

Mi bado sijaelewa, naapa. Tukafungua stoo, mimi mbele na tochi, nimebeba na kamera ya kurekodi historia, nikadonolewa mkono kabla sijafika kwenye boksi. Kuku yuleyule kajitandaza juu ya KIMAWA kama malkia, chini ya mbawa vinalia vifaranga, maranda yamechanganyika na kinyesi, kisanduku cha saa kiko katikati kama yai la kumi na moja.

Tukahesabu vifaranga tisa, yai moja viza. Mjomba akaangalia laptopu, jumla saa imechelewa sekunde tisa na ushee. "Sekunde moja kwa kifaranga," akasema, akachukua kalamu yangu akaandika kabisa kwenye daftari, na ile ushee akaipeleka kwa yai viza.

Mama ndo pekee aliyefurahia utafiti wangu. Jana kaja chumbani, kabisha hodi kwa heshima ambayo sijawahi kuiona. "Mwanangu, kile chombo chako kina nafasi? Yule mweusi naye ameanza kuhangaika anatafuta pa kulalia."