Dann Cahn na zimwi la vichwa vinne: alihariri, au aliunganisha tu?

Zikiandikwa sifa za I Love Lucy, vichekesho vya televisheni vya Marekani, majina huja kwa mpangilio uleule: nyota wake Lucille Ball na Desi Arnaz, kisha Karl Freund, mpiga picha mkuu aliyekuwa ameshapiga filamu ya Metropolis huko Ujerumani. Dann Cahn (1923–2012), mhariri aliyeshika mkasi tangu vipindi hivyo vilipoanza kurushwa na kituo cha CBS Oktoba 1951, hutajwa pembeni, tena akibahatika. Wanaomweka pembeni wana hoja, na si hoja ya kubeza.

Wanasema hakuhariri, aliunganisha tu vipande. Kamera tatu za milimita 35 zilirekodi kwa wakati mmoja mbele ya watazamaji wapatao 300, na mchezo ukachezwa onyesho baada ya onyesho kama jukwaani. Picha zote zinatoka kwenye tendo moja, kwa hiyo kikombe kilichoinuliwa kwa mkono wa kulia kimeinuliwa vivyo hivyo katika kanda zote tatu. Mhariri wa sinema ya kamera moja hutoka jasho kulinganisha picha iliyopigwa asubuhi na nyingine ya jioni. Cahn alikuta kamera zimeshammalizia kazi hiyo. Nani aonekane kwa karibu, na lini, kulipangwa mazoezini. Lundo la marudio la kuchagulia halikuwepo. Wala mbinu yenyewe haikuwa yake: Jerry Fairbanks alishapiga filamu za televisheni kwa kamera kadhaa mwishoni mwa miaka ya 1940, na Al Simon aliajiriwa Desilu, kampuni ya Ball na Arnaz iliyotengeneza vipindi hivyo, kwa sababu alishaifanya kazi hiyo kwenye mchezo wa maswali wa Truth or Consequences.

Yote hayo ni kweli. Ila wasemaji hao hawajapiga hesabu ya kanda.

Filamu ya milimita 35 hupita futi 90 kwa dakika, fremu 16 katika kila futi. Kipindi cha dakika 26 ni futi 2,340. Kwa kamera tatu ni futi 7,020, hata pasiporudiwa kitu. Ongeza ukanda wa sauti, futi 2,340 nyingine. Msimu wa kwanza ulikuwa na vipindi 35, hivyo picha peke yake zinapita futi 245,000, karibu kilomita 75. Na huu si urefu wa kutazama na kutupa. Kila fremu ya kamera moja ilipaswa ikae sambamba na fremu za kamera mbili nyingine na sauti yake, maana zikipotea fremu chache tu, midomo huanza kuachana na maneno. Ukanda wa futi 1,000 huisha kwa dakika 11 hivi, kwa hiyo kamera zilijazwa upya kati ya maonyesho, na kila zilipoanza tena palihitajika alama mpya ya kuzilinganisha. Alama hiyo ikikosekana kwenye kamera moja, msaidizi hana budi kuitafuta nafasi yake kwa macho, fremu kwa fremu.

Moviola, mashine ya kutazamia filamu wakati wa kuihariri, kwa kawaida wakati huo ilikuwa na kichwa kimoja cha kuonyesha picha na kimoja cha kusikilizia sauti. Ukiwa nayo hiyo tu, unatazama kamera ya kwanza, unaitoa, unaweka ya pili, na unategemea kumbukumbu. Mashine aliyoletewa Cahn ilikuwa na vichwa vitatu vya picha na kimoja cha sauti, vyote vikizunguka kwa mwendo mmoja. Ilikuwa kubwa kiasi kwamba chumbani mwao waliipa jina la zimwi. (Zimwi likujualo halikuli likakwisha, nao waliishi nalo miaka.) Kwa mara ya kwanza kwenye kipindi hicho mtu aliweza kuziona pembe tatu za sekunde ileile na kuamua palepale.

Kuamua nini? Hapa ndipo neno “kuunganisha” linapopwaya. Chukua kicheko. Watazamaji walikuwa wa kweli, na mwigizaji husubiri wamalize kucheka ndipo aseme mstari unaofuata. Ukumbini sekunde nane za kusubiri ni raha. Nyumbani, kwenye kioo kidogo, zinadorora. Lakini ukipunguza kicheko unapunguza na picha, na ukikata katikati ya picha pana yenye watu watatu, vichwa vyote vinaruka. Njia ni kuhamia kamera nyingine palepale unapopunguza, mahali ambapo mdomo wa mtu hauonekani ukisema kitu kilichotupwa, na sauti ikatwe kicheko kikiwa kinashuka. Ukiikata kikiwa kileleni, sikio linashtuka hata kama jicho halikuona kitu. Kisha kuna swali la kumwonyesha anayetoa kichekesho au anayekipokea. Uso wa William Frawley, aliyeigiza jirani Fred, akimsikiliza Lucy (Lucille Ball) mara nyingi una thamani kuliko mdomo wa Lucy. Mwongozaji wa matangazo ya moja kwa moja huamua hilo kwa kubahatisha. Cahn alirudia sekunde hiyo mara nyingi alivyotaka kabla ya kuamua.

Kurudia huko hakukuwa bure. Viungo vilibandikwa kwa gundi, ncha moja ikilala juu ya nyingine, na kila ukibandua na kubandika upya unapoteza fremu. Fremu iliyopotea hujazwa na kipande cheusi ili sauti isihame. Mhariri mwenye kigeugeu alijikuta na nakala ya kazi, ile ya kukatia na kubandikia, iliyojaa madoa meusi, kwa hiyo alizoea kuamua kwanza kwa macho, ndipo ashike mkasi.

Wapinzani wanabaki na hoja moja nzito: filamu za baadaye za Cahn, ikiwemo Beyond the Valley of the Dolls ya 1970 aliyoihariri na Dick Wormell, hazikumpa jina kubwa. Sawa. Lakini Bud Molin, msaidizi wake kwenye mashine hiyohiyo, alikuja kuhariri vichekesho vya televisheni vya The Dick Van Dyke Show, kisha vichekesho vya sinema vya mwongozaji Carl Reiner, vilivyopigwa kwa kamera moja, bila zimwi na bila watazamaji ukumbini. Muda wa kicheko ilimbidi aukadirie mwenyewe.