Maji ya bomba na mzee wa geti

Niko Nairobi wiki ya pili sasa, nimekuja likizo baada ya miaka miwili na kitu huko Leeds, Uingereza, na kila mtu nikikutana naye swali ni moja, "Sasa majuu maisha ni aje?" Nikijibu ukweli naona wanaboeka. Wanataka niseme ni peponi ama niseme nimeteseka nikalala nje. Ukweli ni kwamba huko mimi ni mtu wa chini, basi. Mimi ni kea, naosha wazee, nawalisha, nawabadilisha, shifti ya masaa kumi na mbili, halafu narudi kwa chumba kimoja kwenye nyumba ya watu watano na bafu moja. Hapa nilikuwa na kazi ya ofisi Upper Hill, nilikuwa na kagari kangu, nilikuwa na mama wa kunifulia Jumamosi. Nilipanda ndege nikiwa madam nikashuka nikiwa yaya.

Na bado kuna kitu huko kinanifanya nisijiskie maskini venye ningejiskia hapa, na imenichukua muda kujua ni nini haswa. Sio mshahara, mshahara ukitoa renti na ile ya kutuma nyumbani unabaki na ya basi. Ni maji. Nafungua bomba, maji yanatoka, nakunywa hapo hapo bila kuchemsha. Na yule tajiri wa zile nyumba kubwa zenye bustani, ambaye mamake namwosha mimi, naye anafungua bomba la kampuni ileile anakunywa maji yaleyale. Yakikatika kwangu yamekatika kwake, na yeye ndiye atapiga simu kwanza, tena kwa ile sauti yao ya kuzoea kusikizwa. Hiyo sauti yake inanisaidia hata mimi na hanijui.

Kipupwe cha mwaka jana niliteleza kwa barafu nikienda shifti ya asubuhi nikavunja mkono. Nikaketi kwa kiti cha plastiki kule dharura masaa saba, saba jamani, nimeshika mkono kama mtoto, na kando yangu kulikuwa na mzee wa suti na saa ya bei, naye ameumia mguu, naye anangoja. Nilikuwa nimekasirika sana lakini hakuna mtu aliniuliza deposit, na yule mzee hakuruka foleni. Hapa nyumbani babangu alipopata stroke tulifika mapokezi usiku wa manane na kitu cha kwanza ilikuwa ni pesa, mgonjwa bado yuko ndani ya gari, mimi na bro tunapigia watu simu watume chochote wako nacho.

Sasa skiza hii maana ndo ilinikalia kwa roho. Hiyo huduma yao ya afya ya bure, NHS, ilianza Julai 1948. Mwaka huohuo wa 1948 ndo ulitoka ule mpango mkuu wa Nairobi, wa jiji la koloni. Bendera ni ileile. Kwao walikuwa wanasema mgonjwa asiulizwe pesa, huku wakaukuta mji ushagawanywa kwa rangi wakaupangia mbele vivyo hivyo, Mzungu juu kule kwa udongo mwekundu na miti, Mhindi Parklands na Ngara, Mwafrika Eastlands kwa ule udongo mweusi unaoshika kiatu mvua ikinyesha. Mimi nimezaliwa Eastlands, huo udongo naujua. Mkoloni alienda 1963, lakini chukua ramani ya leo uangalie penye kuna miti na penye hakuna, mistari iko palepale, tofauti ni kwamba siku hizi hauulizwi rangi, unaulizwa unalipa aje.

Msinielewe vibaya, siwaimbii Waingereza sifa. Wako na matabaka yao na ni mabaya kimyakimya. Huko ukifungua mdomo tu washajua babako alifanya kazi gani, na hiyo ni kati yao wenyewe wazungu kwa wazungu, sisi hata hatujahesabiwa. Shule moja tu ya matajiri, Eton, imetoa mawaziri wakuu 20. London, kwenye mtaa wa Kensington na Chelsea ambako matajiri wa dunia wananunua nyumba, ndiko ghorofa ya Grenfell iliungua Juni 2017 watu 72 wakafa, na wakaaji walikuwa wamelalamika mambo ya usalama kwa miaka. Wenzangu waliokuja kwa kazi hii yetu baada ya tarehe 11 Machi 2024 hawaruhusiwi hata kuleta watoto wao, yaani unakubaliwa ulee mama wa mtu lakini mtoto wako umwache kwa shosho Murang'a. Na kuna nyumba nilitumwa, binti ya mgonjwa akanionyesha choo cha nje kwa garage akasema hicho ndo changu. Akasema kwa upole kabisa, na "please" juu.

Nilikasirika wiki nzima. Halafu siku moja nikiwa kwa basi nikamkumbuka Anti.

Anti ndo alitulea. Alikuja kwetu nikiwa na miaka minne, akaenda nikiwa kidato cha pili. Alikuwa na kikombe chake, cha plastiki, kijani, kimepasuka kidogo kwa mkono, kilikuwa kinawekwa peke yake chini ya sinki kando ya Vim, ile sabuni ya kusugua sufuria. Hakuna siku mtu alisema Anti asitumie vikombe vya kabati. Hakukuwa na sheria. Tulijua tu, hata mimi nikiwa mdogo nikitumwa nimpelekee chai nilikuwa nainama chini ya sinki bila kuambiwa, na tulikuwa tunampenda kweli, hiyo ndo shida. Sisi wenyewe hatukuwa matajiri hata, baba alikuwa karani wa serikali, nyumba vyumba viwili, lakini tulikuwa na mtu wa chini yetu na tulihakikisha anajua. Hata jina lake kamili nimelijua juzi nikimuuliza mamangu, na mama mwenyewe alilifikiria kwanza.

JM Kariuki, yule mbunge, alikuwa anasema hatutaki Kenya ya mamilionea kumi na ombaomba milioni kumi, akauawa Machi 1975. Saa hii tuko kama milioni 50 na naona kila mtu anaomba Mungu tu aingie kwa wale kumi. Ndo maana hakuna kitu kinatengenezwa. Ukipata pesa Nairobi kitu cha kwanza unanunua ni kujitoa Nairobi. Maji hayaji, unachimba borehole. Stima inapotea, jenereta. Shule ya serikali imejaa, unapeleka mtoto ya kulipia. Usalama, soja na waya ya umeme juu ya ukuta. Barabara imejam, kuna ile Expressway ya juu, kilomita 27 kutoka Mlolongo hadi Westlands, ilifunguliwa 2022, unalipa unapita juu ya vichwa vya watu na pikipiki haziruhusiwi hata kupanda. Nilipitishwa huko siku nilitoka airport na enyewe niliskia raha, sitadanganya, dakika chache tu niko Westlands. Lakini huko juu huwezi ona watu wanavuka wapi huko chini. Sasa yule mtu wa kupiga simu na akasikizwa, yule wa sauti, hapa alishajitoa kitambo. Maji yakikatika hata hajui.

Bro amenipa chumba kwake, fleti upande wa juu wa Waiyaki Way, si mbali na Kangemi, mtaa wa watu wa chini. Nyumba poa, lifti mbili, tangi kubwa, borehole. Pampu iliharibika wiki jana na kwa grupu la WhatsApp la fleti watu walichanga jioni moja, elfu mbili elfu mbili, hakuna hata mmoja alilia. Nikamuuliza bro mbona msiandikie kaunti barua kuhusu laini ya maji ya huu mtaa, akacheka mpaka akashika meza.

Jumatatu jioni nilishuka kuongea na mzee wa geti maana ananikumbusha baba. Anakaa Kangemi, anakuja kwa miguu. Tukaongea mambo ya mvua, mambo ya watoto, nikamuuliza maji kwake yanakuwaje. Akasema ananunua mtungi, siku nzuri shilingi kumi, yakiadimika inafika hamsini. Nikapiga hesabu hapo hapo, mtungi ni lita 20, lita elfu moja ni mitungi 50, hiyo ni mia tano siku nzuri, na mtu mwenye mita ya jiji kwa lita hizo elfu halipi hata nusu. Yaani mzee analipia maji ghali kuliko watu anaowafungulia geti, halafu anatumia jioni nzima kumwagilia maua yao kwa mpira.

Nikamwambia, "Sasa mzee si ujaze mtungi wako hapa ukienda, bomba si hili hapa?"

Akaangalia juu kwa madirisha kwanza. "Hapana madam, kamati ilikataza. Iko hata kwa barua."

Nilipanda juu nikamuuliza bro, maana yeye ndo mweka hazina wa hiyo kamati. Akasema hata bila kutoa macho kwa TV kwamba ukianza na mmoja wote watakuja na mitungi. Nikamuuliza wote ni wangapi, masoja wako wawili. Akaongeza sauti ya TV. Tangu hiyo siku tunasalimiana tu asubuhi, na niko na siku tisa zimebaki.