Afisa Yuko Kikaoni, Habari Haitoki

Sisi tunaobeba kamera mikoani hatuhitaji askari aje kutuzuia. Simu isiyopokelewa inatosha.

Chukulia ile mbolea ya ruzuku, ambayo Rais Samia aliizindua hapahapa Mbeya kwenye Nanenane ya 2022. Msimu ulipoanza nilikwenda Uyole alfajiri, nikakuta foleni ya watu waliojitanda mablanketi (baridi ya kule si ya mchezo). Mama mmoja akanionyesha simu yake: ujumbe wenye namba ya kuchukulia mbolea upo, wakala anasema mtandao haupo. Nyuma yake mzee amekaa chini, fimbo mapajani, na mvua zimeshaanza.

Picha safi, sauti safi. Mhariri Dar akauliza swali moja tu: "Serikali imesemaje?" Afisa mhusika yuko kikaoni. Kesho yake yuko safarini. Baada ya hapo hapokei kabisa. Habari ikafia hapo, nafasi yake akapewa kiongozi mmoja akikata utepe. Kwenye utepe hakuna aliyewahi kuniuliza wanakijiji wamesemaje.

Mhariri simlaumu. Januari 2018 TCRA, mamlaka inayosimamia utangazaji, ilivitoza vituo vitano vya televisheni, ITV na Star TV vikiwemo, faini ya jumla ya shilingi milioni 60 kwa kurusha taarifa ya Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu kuhusu uchaguzi mdogo wa madiwani. Moja ya sababu ni kwamba habari haikuwa na mizania. Faini ya namna hiyo inasomwa hata na ambao hawakutozwa. TBC, televisheni ya taifa, ilipoacha kurusha Bunge moja kwa moja mwaka 2016, nchi nzima ilipiga kelele, maana kila mtu aliona kilichoondolewa. Foleni ya Uyole nani ataililia, na haikuonekana?

Kubalansi habari ni jambo jema. Ila linavyotumika sasa, afisa anaifuta habari kwa kunyamaza tu. Kanuni iseme wazi: akishapelekewa maswali kwa maandishi, saa 24 zikapita, kituo kitangaze kwamba hakujibu, kisha kirushe. Wapo watakaosema hata leo inawezekana. Inawezekana, kama mwenye kituo yuko radhi kwenda kujieleza mbele ya Kamati ya Maudhui ya TCRA bila kujua atatoka na nini. Nami hulipwa kwa habari iliyotoka. Nauli ya Uyole ilikuwa ya mfukoni mwangu.