Kinuyo Tanaka hakubebwa kiasi hicho

Anayefuatilia sinema ya Japani anaijua sura ya Kinuyo Tanaka hata kama jina limemtoka. Ndiye Oharu katika filamu ya mwongozaji Kenji Mizoguchi. Ndiye mke anayeachwa kijijini vita vikipamba moto katika Ugetsu, na ndiye mama aliyetenganishwa na wanawe katika Sansho, nazo pia za Mizoguchi. Alianza kazi studio za Shochiku mwaka 1924 akiwa na miaka 14, akaigiza kwenye filamu ya kwanza ya Kijapani yenye sauti kamili mwaka 1931, na alipofariki mwaka 1977 alikuwa ameonekana kwenye filamu zaidi ya 250. Kati ya 1953 na 1962 aliongoza nyingine sita, na hizo ndizo zinazobishaniwa.

Ubishi umepamba moto tangu filamu hizo zisafishwe upya na kuonyeshwa Lyon mwaka 2021, kisha New York mwaka uliofuata. Wapo wanaosema Japani ilimficha mwongozaji mkubwa kwa miaka sitini. Wapo wanaosema matamasha ya Ulaya yanatafuta mwanamke aliyesahaulika kila msimu, na safari hii yamemwokota nyota aliyebebwa na marafiki zake wanaume.

Hoja ya kubebwa haijazuliwa. Alipotaka kujifunza uongozaji, mwongozaji Mikio Naruse alimpokea kama msaidizi wake kwenye Ani imoto. Muswada wa filamu yake ya kwanza, Koibumi (Barua ya Mapenzi), uliandikwa na mwongozaji mwingine, Keisuke Kinoshita. Wa pili, wa Tsuki wa noborinu (Mwezi Umechomoza) ya 1955, ulitoka kwa mwongozaji mkubwa Yasujiro Ozu mwenyewe akishirikiana na Ryosuke Saito. Na filamu hiyo ya kwanza ilifika tamasha la Cannes kwenye mashindano mwaka 1954. Ni mwongozaji gani chipukizi anayeanza hivyo?

Kasoro nazo zipo. Ruten no ohi ya 1960, juu ya binti wa kikabaila wa Kijapani aliyeozwa kwa mdogo wake Puyi, mfalme wa mwisho wa China, ina rangi za kupendeza, skrini pana na Machiko Kyo kwenye ubora wake. Lakini Manchukuo, dola kibaraka ya Japani huko Manchuria ambamo watu waliteseka vibaya mno, inageuka pazia la nyuma la huzuni ya ndoa moja. Anayesema hapo Tanaka aliteleza, namuunga mkono bila kusita.

Ila neno kubebwa linataka kuangaliwa vizuri. Kwenye studio za Japani enzi hizo, kila mwongozaji alibebwa. Ndio ulikuwa utaratibu wenyewe. Kijana aliajiriwa kama msaidizi, akakaa chini ya bwana mkubwa miaka kadhaa akishika ubao na kutumwa huku na kule, mpaka siku bwana huyo au studio imfungulie mlango. Kinoshita na Naruse wote walipita huko. Wanawake hawakuwa na njia hiyo. Tazuko Sakane, aliyemtangulia Tanaka, aliongoza filamu moja ya kuigiza mwaka 1936. Aliporudi kutoka Manchuria baada ya vita, Shochiku haikumpa nafasi ya kuongoza kwa kuwa hakuwa na shahada ya chuo kikuu. Aliishia kutunza kumbukumbu za upigaji picha kwenye filamu za Mizoguchi.

Na Mizoguchi huyo huyo, aliyempa Tanaka nafasi kubwa kuliko zote alizoigiza, ndiye aliyesimama mlangoni. Akiwa rais wa chama cha waongozaji, alipinga studio ya Nikkatsu kumpa filamu ya pili, na inasimuliwa alisema kichwa cha mwanamke yule hakiwezi kazi ya uongozaji. Ozu alisimama upande wa pili. Tanaka na Mizoguchi hawakufanya tena kazi pamoja. Filamu yao ya mwisho ni ya 1954, na mwaka 1956 Mizoguchi alifariki. Kwa hiyo wanaohesabu mikono iliyombeba, wahesabu pia ule uliomsukuma nyuma, tena wa mtu mwenye sauti kuliko wote kwenye chama.

Waswahili husema ukibebwa, bebeka. Tanaka alibebeka, na ushahidi uko kwenye ile ile Tsuki wa noborinu, ambayo muswada wake ni wa Ozu. Ipo sehemu ambapo msichana machachari anataka kumhadaa mtu kwa simu, akamtumia mtumishi wa nyumbani aige sauti ya mwanamke mwingine. Mtumishi huyo ni Tanaka mwenyewe. Basi tunamtazama mwigizaji mashuhuri kuliko wote Japani akifundishwa kusema maneno machache, anakosea, anarekebishwa, anarudia kwa hofu, na msichana asiye na uzoefu wowote anamwongoza kwa ukali wa bosi. Mtu aliyeshinda miaka thelathini akiambiwa na wanaume asimame wapi na alie lini ndiye anayejua kupanga mzaha wa namna hiyo.

Halafu ikaja Chibusa yo eien nare, mwaka huo huo wa 1955, na hapa waliombeba hawaonekani tena. Muswada ni wa Sumie Tanaka, mwanamke, wala si ndugu yake. Kisa ni cha Fumiko Nakajo, mshairi wa Hokkaido aliyefariki kwa saratani ya matiti mwaka 1954 akiwa na miaka 31. Mtu angetarajia filamu ya machozi kuhusu mama anayekufa polepole huku akizidi kuwa mtakatifu. Tanaka akageuza. Fumiko wake anazidi kuwa mgumu kadiri mwili unavyokwisha. Anaomba kuoga kwenye beseni la rafiki yake, alimokuwa akioga mume wa rafiki huyo, ambaye sasa ni marehemu na ambaye Fumiko alimpenda kimyakimya. Kisha anamwonyesha rafiki kifua kilichokatwa, na rafiki anashindwa kuvumilia. Baadaye, kitandani hospitalini, anamdai mwandishi wa habari mapenzi, waziwazi, kama mtu anayedai haki yake. Sidhani kama Mizoguchi, pamoja na ukuu wake wote wa kuonyesha wanawake wanaoteswa, angemruhusu mwanamke wake awe na hamu baada ya kisu. Wanawake wake huteseka vizuri mno.

Onna bakari no yoru ya 1961, juu ya waliokuwa makahaba na kufungiwa kwenye nyumba za kurekebishwa tabia baada ya sheria ya 1956 ya kuzuia ukahaba, ni muswada wa Sumie Tanaka tena. Ruten no ohi iliandikwa na Natto Wada. Ya mwisho, Ogin-sama ya 1962, ilitengenezwa na kampuni iliyoanzishwa na waigizaji watatu wa kike. Ukiziweka kwa mpangilio unaona alivyosogea taratibu kutoka kwa mabwana wakubwa kwenda kwa wanawake wenzake.

Sasa turudi kwenye hiyo sita, maana ndiyo inayorushwa kila mara: filamu sita tu, halafu akaacha, mwongozaji gani huyo? Hesabu hii inanikera kidogo. Filamu sita za kwanza za Ozu, za 1927 na 1928, hazipo hata moja. Zimepotea zote. Filamu za Mizoguchi za 1923 na 1924 nazo vivyo hivyo. Hakuna anayejua Ozu alikuwa mwongozaji wa namna gani alipofikisha sita, na hakuna anayeuliza, kwa sababu alipewa nyingine zaidi ya arobaini za kujirekebisha. Tokyo Story, filamu yake inayosifiwa sana, alikuja kuitengeneza baada ya robo karne ya kazi. Tanaka tunampima kwa sita zake za mwanzo, zote zipo, zote zinaonekana, na tunamtaka awe amekamilika. Ni kweli Ozu alikuwa kijana akitoa filamu fupi fupi zisizo na sauti kwa kasi ya kiwandani, na Tanaka alianza akiwa na miaka 43 na jina kubwa. Lakini hilo linaongeza uzito wa hoja: kasi hiyo ya kiwandani, pamoja na ruhusa ya kukosea iliyokuja nayo, yeye hakuwahi kuipata.

Na aliacha lini? Mwaka 1958 Wajapani walikata tiketi za sinema bilioni 1.127. Mwaka 1963 zilikuwa milioni 511. Televisheni ilikula zaidi ya nusu ya ukumbi ndani ya miaka mitano, na studio zikaanza kubana. Katika hali hiyo wa kwanza kukosa kazi ni yule aliyepewa kazi kama jambo la pekee. Kusema aliacha ni kumtupia yeye uamuzi wa soko.

Aliendelea kuigiza. Mwaka 1974, katika Sandakan namba 8 ya Kei Kumai, alikuwa kizee aliyeuzwa Borneo akiwa msichana. Wajapani wenzake waliosafirishwa kwa biashara hiyo walifika hadi Unguja. Tamasha la Berlin lilimpa tuzo ya mwigizaji bora wa kike mwaka uliofuata, na aliistahili.

Nyumbani, gazeti la Mainichi lina tuzo yenye jina lake tangu 1985, kwa wanawake waliotoa mchango mkubwa katika sinema. Wa kwanza kuipata alikuwa Sayuri Yoshinaga, mwigizaji. Hadi leo ni tuzo ya waigizaji.