Savkar hakuwa peke yake, lakini kalamu ilikuwa yake

Mwaka 1925 Baburao Painter alitengeneza huko Kolhapur, India, filamu isiyo na sauti iitwayo Savkari Pash. Mkulima kijana, aliyeigizwa na V. Shantaram, anapoteza shamba kwa savkar, yaani mkopeshaji wa kijijini, kisha anakwenda mjini kuwa kibarua wa kiwandani.

Ipo hoja kwamba kisa cha namna hii kinamwonea mkopeshaji, nayo ina uzito. Serikali ya Mwingereza ilidai kodi ya ardhi kwa fedha taslimu, mvua inyeshe isinyeshe. Bei ya pamba ilipaa wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe Marekani, vita vikaisha mwaka 1865, bei ikaanguka, na kodi bado ikapandishwa. Mwenye fedha kijijini alikuwa savkar. Bila yeye wengi wangelipa nini? Hilo nalikubali.

Lakini tuwatazame wakulima wenyewe. Mwezi Mei 1875, kule Supa, wilaya ya Pune, waliwavamia wakopeshaji sokoni. Walichodai ni hati za madeni na madaftari ya hesabu, wakavichoma moto. Damu iliyomwagika katika vurugu zile ilikuwa kidogo mno. Jambo hili haliniachi. Watu wamejaa hasira, wako mlangoni kwa mtu wanayeamini amewamaliza, na wanachotaka ni karatasi! Wengi wao hawakujua kusoma, ila walijua fika balaa limelala wapi. Mkulima alitia alama yake kwenye hati asiyoweza kuisoma. Deni lisipolipwa, huandikwa hati nyingine, riba ya jana ikaingizwa kwenye deni la leo. Kodi ilimfikisha mlangoni kwa savkar, lakini kalamu ndiyo iliyomzuia kutoka. Serikali nayo ililiona: sheria ya mwaka 1879 iliruhusu mahakama kupekua nyuma ya hati na kuuliza ni fedha ngapi hasa mkulima alizipokea.

Kwa hiyo Painter hakumwonea mtu. Watazamaji wa wakati ule walipenda zaidi hadithi za miungu, naye akachagua deni, tena akairudia filamu hiyo kwa sauti mwaka 1936. J.B.H. Wadia, mtengeneza filamu mwenzake, hakusahau picha moja ya toleo hilo la pili: kibanda cha huzuni kinachoonekana kwa mbali gizani, na mbwa analia.