Futa Kwangu

Siku ya tisa baada ya kuachwa, rafiki yangu mmoja mjuaji (kila mtu anaye wa hivyo) alinishauri nijirekodi nikisema yote yaliyonikaa rohoni, kisha nijitumie mwenyewe WhatsApp. "Utapata wepesi," akasema. Basi saa nane usiku nikajifunika shuka gubigubi, simu mdomoni, nikamwaga. Dakika 4 na sekunde 11.

Nilianza kiungwana, nikamtakia heri. Kufika dakika ya pili uungwana ukaisha mafuta, nikalia kile kilio cha makamasi, pumzi inakatika vipande vipande kama pikipiki inayokataa kuwaka. Dakika ya mwisho yote ikaenda kwenye mwavuli wangu wa bluu aliobaki nao. Mapenzi nimesamehe, nikasema, lakini mwavuli sisamehi, duniani wala akhera.

Nikatuma. Kuangalia, haikuja kwangu. Imetua kwenye kundi la kazini, lile la kupanga zamu. Watu 23, bosi akiwemo.

Mikono ikanitetemeka. Nikaibonyeza ile sauti, yakaja maneno: "Futa kwa kila mtu", "Futa kwangu". Kwa kidole kilicholowa machozi nikagusa la pili. Ikatoweka! Nikashusha pumzi, nikalala usingizi ambao sikuwa nimeuonja tangu niachwe.

Kumbe katika watu wote wa kundi lile, aliyekuwa hawezi tena kuisikia ni mimi peke yangu.

Asubuhi nikaingia kazini kifua mbele. Mbona salamu laini hivi? Mzee wa stoo, ambaye hajawahi kunijulia hali hata siku moja, akanishika bega: "Pole mwanangu. Lakini mwavuli, kwa kweli, udai." Bosi hakusema kitu, ila zamu zangu za usiku wiki ile zikapungua. Sikukataa.

Nikabandikwa jina: Mwavuli. Wiki ya kwanza lilinichoma. Ya pili nikawa naitika kabla hawajalimaliza. Ya tatu nikashtuka jua limezama na sijachungulia picha yake hata mara moja, mimi niliyekuwa naichungulia kama naangalia uji usifurike.

Jioni moja mvua ikanikuta mlangoni. Dada wa mapokezi akaninyooshea mwavuli wake, mwekundu. Nikaupokea.

"Kesho urudishe," akasema, hacheki hata kidogo. "Mimi sina muda wa kujirekodi saa nane usiku."